Nadhiri Niliyomwekea Baba

"Sionyeshi mimi," Baba alisema. "Mwambie huyo nusu-mzungu wako achukue sinema yake akaionyeshe kwao."

"Kwao ni Ubon, Baba. Hata ukilala kwenye basi hufiki ndoto ya pili."

"Na ile nusu nyingine?"

"Nusu nyingine ni Kroatia. Huko ni mbali kidogo."

Shangazi Lamduan, dada yake Baba, alikuwa anapanga ndizi na mayai ya kuchemsha kwenye sinia la sadaka. Akacheka mpaka yai moja likamponyoka. Baba hakucheka. Alikuwa amesimama nyuma ya lori letu, mkono kifuani, pale pale madaktari walipomshona miezi sita iliyopita. Ilikuwa saa kumi alasiri na jua la Khorat, kaskazini-mashariki ya Bangkok, lilikuwa bado linachoma. Pazia letu la sinema lilikuwa bado limekunjwa chini, na Babu wa Khao Daeng, mzimu wa kilima kilichokuwa juu yetu, alikuwa anasubiri haki yake.

Ngoja nieleze vizuri, maana nikikasirika huwa naanzia katikati.

Sisi ni watu wa sinema za nje. Mtu akiweka nadhiri kwa mzimu, akapata alichoomba, anatukodi tuje tumwonyeshe mzimu sinema. Viti vya mbele tunaviacha wazi, ni vyake. Hata asipokuja binadamu mmoja, tunaonyesha vile vile mpaka mwisho. Baba yangu, Bunlert, amefanya kazi hiyo miaka arobaini na zaidi, na enzi zile sinema zilipokuwa zinaletwa vijijini bila sauti, yeye ndiye aliyezitia sauti papo hapo kwa maikrofoni. Jambazi yeye, mama mkwe yeye, nyati yeye. Hadi leo wazee wa Buriram wakimwona sokoni wanamwomba alie kama nyati.

Mwezi wa kumi mwaka jana Baba akaanguka akiwa anafunga kamba za pazia. Moyo. Wakampasua Khorat mjini, na mimi nikakimbilia huku kwa Babu nikawasha udi tisa. Sasa, kwetu mtoto anafundishwa mapema: ukiweka nadhiri, taja kila kitu, usimwachie mzimu akisie. Ukiahidi kuku, sema kama ni wa kuchemsha au wa kuchoma. Mimi kwa hofu nikataja kupita kiasi. Nikasema, "Babu, baba yangu akiamka, nitakuonyesha sinema mpya ya Danai, yote, mwanzo hadi mwisho, na atakayeiendesha ni Baba mwenyewe kwa mikono yake."

Baba akaamka.

Mkiniuliza kama sikuwa na ujanja hata chembe, nitasema nilikuwa nao. Danai, huyo nusu-mzungu, alishaleta posa mara mbili, na mara mbili Baba alimrudisha na matunda yake mkononi. Nami nilishamwambia Danai waziwazi: bila radhi ya Baba sitoki nyumbani. Mama alishafariki, mtoto ni mimi peke yangu, na mtu anayeondoka bila radhi hafiki popote. Danai naye baada ya mwaka mpya wetu wa mwezi wa nne, yaani wiki ijayo, alikuwa anakwenda kaskazini, Mae Hong Son, kuanza sinema nyingine, miezi minane milimani. Alitaka niende naye, nikiwa mke wake, nikamshikie kazi ya sauti. Kwa hiyo leo ndiyo leo.

"Prang," Baba akasema, akinitazama kwa jicho la pembeni, "hivi mimi nimelala pale kifua wazi kama kuku wa sokoni, wewe unanitafutia kibarua?"

"Ulikuwa unakufa, Baba."

"Ndiyo ukaniwekea nadhiri ya mkwe!"

"Ya sinema."

"Ya mkwe! Unafikiri mimi mtoto?"

"Kaka," Shangazi akaingilia, "nadhiri ni nadhiri. Umeamka, huna budi kulipa. Au unataka Babu aje audai huo moyo?"

Hakuna mtu wa kazi yetu anayefanyia mzaha jambo hilo. Baba akatema mate pembeni, akapanda kwenye lori, akaanza kuteremsha spika.

"Mikono yangu Babu ameahidiwa," akasema kutoka mle ndani. "Macho hakuahidiwa."

Danai akafika saa kumi na moja na pikapu yake ya kuazima. Kila mara nikimwona akishuka kwenye gari moyo wangu unaruka, na kila mara najikaripia, maana mwanamke wa miaka thelathini na moja anapaswa kutulia. Ni mrefu mno kwa milango yetu. Pua ni ya baba yake, fundi wa meli wa Kroatia, rangi ni ya mama yake, na macho sijui ni ya nani, yana rangi ya chai. Alizaliwa Singapore, akasoma nchini kwa baba yake, kisha akiwa na miaka ishirini na nne akarudi kwa bibi yake Ubon, akasema hapa ndipo nitatengeneza sinema zangu. Mpaka leo anaongea kama bibi kizee wa Ubon, maana mwalimu wake alikuwa huyo bibi.

Akakunja viganja kifuani, akainama mpaka chini mbele ya Baba. "Shikamoo, mzee."

"Mm. Iko wapi hiyo sinema?"

Danai akatoa flashi mfukoni.

"Hiyo tu?" Baba akaishika kwa vidole viwili. "Sinema inakaa mfukoni na funguo? Zamani sinema ilikuwa inabebwa na wanaume wawili." Akamtazama usoni. "Halafu wewe nakujua. Wewe siye yule mzungu mbaya wa tamthilia, aliyepigwa kofi na mama mkwe?"

"Ndiye mimi, mzee. Nilipigwa mara kumi na nne. Walitumia lile la kumi na nne."

"Ungeendelea na hiyo kazi. Huko angalau watu walikuona."

Shangazi akaziba mdomo kwa kanga ya kichwani. Danai akatabasamu, lakini mimi namjua, niliona neno limemwingia. Maana ni kweli. Miaka mitano aliuza uso wake kwenye tamthilia za Bangkok ili apate kamera. Sinema yake ya kwanza ilikuwa ya wauza barafu wa Ubon. Ya pili ilikuwa ya bibi yake akifuma hariri, saa moja na nusu hasemi neno. Hiyo ya pili ilipewa tuzo Ulaya, picha yake ikatoka gazetini, na Bangkok ikaonyeshwa siku nne, saa tano asubuhi, wakati watu wako kazini. Siku ya nne ukumbini tulikuwa watu watatu, mmoja amelala. Mimi nilikuwa nimekwenda mjini kununua taa ya projekta, nikaingia kukimbia joto. Si mimi niliyelala. Nilitoka nimelia mpaka pua imeziba, na mlangoni amesimama mtu mrefu, ananiuliza kwa lugha ya bibi kizee, "Dada, ni mbaya kiasi hicho?"

Hapo ndipo niliponaswa.

Tulipokwenda kufunga pazia, tukawa upande wa nyuma, peke yetu na kitambaa cheupe kikipepea katikati yetu na dunia. Nilikuwa nakaza kamba, naye akashika kamba ile ile, vidole vyake juu ya vyangu, wala hakuvuta.

"Prang."

"Kaza kamba."

"Asipoipenda?"

"Hataipenda. Baba anapenda sinema zenye mapanga. Mimi naomba aione tu."

"Kuna kitu nilitaka kukwambia kuhusu hii sinema." Akatazama chini. "Mwisho wake..."

"Usinisimulie! Nimesubiri miezi sita kuiona, unataka kunisimulia mwisho?"

Akakaza kamba. Nikamtazama kwa karibu, jasho limemtiririka mpaka kidevuni, nikatamani kulifuta kwa mkono wangu na nikaogopa kwamba nikianza sitaacha.

"Danai, akikataa leo..."

"Nitarudi na matunda mara ya tatu."

"Na Mae Hong Son?"

"Nitakwenda, nitarudi. Lakini miezi minane bila wewe, Prang, sijui kama nitaona kitu cha kupiga picha."

"Nyie huko nyuma!" Baba akapiga kelele. "Pazia linafungwa kwa kamba, halifungwi kwa minong'ono!"

Saa moja kasoro giza likaingia. Shangazi akaweka mbele ya kibanda cha mzimu kichwa cha nguruwe, ndizi, mayai na soda nyekundu, akawasha udi, akamweleza Babu kwamba deni la maneno linalipwa leo. Watu wakaja wachache: mama muuza kuku wa kuchoma, madereva wawili wa malori, mbwa. Safu ya mbele ikabaki wazi. Baba akabonyeza kitufe kwa mikono yake mwenyewe, ili nadhiri itimie, kisha akageuza kiti chake, akakaa mgongo kwa pazia, uso kwenye mashine.

Sinema ikaanza. Ilikuwa habari ya wazazi wa Danai: fundi wa meli kijana, mgeni, amefika Ubon na rafiki, akamwona msichana akiosha mchele wa kunata mlangoni kwao. Hawana lugha moja. Wanatazamana tu. Maji yanachirizika, kuku wanapita, wanatazamana.

"Spika imekufa?" Baba akauliza, mgongo bado kwa pazia.

"Haijakufa, mzee," Danai akajibu. "Ndivyo ilivyo."

"Hawaongei?"

"Hawajui waseme nini."

"Basi mtu awasemee!"

Dakika ishirini zikapita. Nikaona kisogo cha Baba kinahangaika. Mtu aliyetia sauti sinema maisha yake yote, ukimkalisha karibu na sinema iliyo kimya, ni kama kumkalisha mlevi mlangoni kwa muuza pombe. Kwanza akageuza shingo. Kisha bega. Mwisho akasimama, akakigeuza kiti chote, akamkazia Shangazi macho ili asithubutu kusema neno.

Kwenye pazia kijana sasa alikuwa anakwenda kuposa. Anatembea kwenye tuta la shamba la mpunga, mpunga umekaribia kukomaa, kijani kinaingia dhahabu, na nyumba ya mzee, baba wa msichana, iko mbali ng'ambo. Anatembea. Anasimama. Anarekebisha kola. Anatembea.

"Huyu atafika lini?" Baba akanung'unika.

"Anaogopa, mzee," Danai akasema polepole. "Mwenye kuogopa hafiki haraka."

Baba alikuwa ameinama mbele, viwiko magotini.

Kijana akafika. Akavua viatu. Akapanda ngazi, akakaa chini ya miguu ya mzee, akakunja viganja. Mzee akamtazama, muda mrefu. Akavuta pumzi, midomo ikafunguka ili aseme.

Pazia likawa jeupe.

Baba akaruka kwenye mashine. "Waya! Nani amekanyaga waya?"

"Hakuna aliyekanyaga, mzee," Danai akasema. "Imeishia hapo."

"Imeishiaje hapo? Mzee amesema nini?"

Danai akatoka kwenye kiti chake, akapiga magoti kwenye vumbi. "Sikuupiga mwisho. Zilikuwa zimebaki siku tatu. Siku ya kwanza asubuhi Prang akanipigia simu, analia, kwamba umeanguka. Nikawaambia wenzangu warudi nyumbani. Ulipotoka hospitali mpunga ulikuwa umeshavunwa, yamebaki mabua. Nilifikiri kungoja mvua zijazo, lakini nadhiri haingoji."

Siku zile tatu alikuwa nami hospitali, analala kwenye benchi, miguu yake mirefu imening'inia, ananiletea uji. Nilimwuliza, "Na sinema?" Akaniambia, "Tumemaliza." Watu wa Ulaya walikuwa wanaingoja sinema ile. Miaka minne ya kazi yake!

"Wewe mwongo!" nikamwambia, machozi yananitoka. "Mwongo mkubwa wewe!"

"Ningekwambia ungenifukuza nikapige."

"Ningekufukuza kwa ufagio!"

"Kaka," Shangazi akasema, "mtoto aliahidi mwanzo hadi mwisho. Mwisho haupo. Babu amekaa pale mbele anangoja."

Nilitazama viti vile vya mbele, kisha kifua cha Baba, nikaogopa kama nilivyoogopa ile siku ya udi tisa. Kumbe kwa ulimi wangu mwenyewe nilikuwa nimemfunga kwenye ahadi isiyolipika.

Mwanga mweupe ulikuwa umemwangaza Baba upande mmoja. Halafu akafungua sanduku la bati, akatoa maikrofoni. Miaka kumi na tatu hakuwa ameigusa. Akaichomeka. Akapuliza, fuu, fuu. Akakohoa. Na sauti iliyotoka haikuwa yake, ilikuwa ya mzee wa Ubon, nzito, ya mtafuna tambuu.

"Umetembea sana, kijana."

Kisha sauti nyembamba ya kijana, yenye ulimi mgeni: "Ndiyo, mzee."

"Umeleta nini?"

"Sikuleta kitu, mzee. Nimeleta miguu."

Mama wa kuku akacheka. Dereva mmoja akapiga makofi. Kwenye pazia hakukuwa na kitu, weupe mtupu na wadudu, lakini naapa niliwaona wote wawili pale.

"Miguu nayo ni kitu," mzee akasema. "Mimi pia nilikuwa nayo. Nilikuwa mtu wa barabara. Leo Surin, kesho Sisaket. Kila kijiji kinanijua." Sauti ikaanza kupungua uzito wake. "Nilikuwa na mke. Siku alipougua nilikuwa Buriram, nawachekesha watu mia tano. Waliponifikia na habari, sinema ilikuwa haijaisha. Nikamalizia kwanza." Sasa ilikuwa sauti ya Baba yenyewe, haina mapambo. "Nilifika kesho yake saa nne. Jirani ndiye aliyemfumba macho."

Sikuwahi kulisikia hilo. Miaka yote aliniambia barabara ilikatika kwa mafuriko.

"Kwa hiyo najua mtu wa sinema ni mtu gani," Baba akasema. "Nina binti mmoja. Akiugua, wewe utakuwa wapi?"

Akangoja. Safari hii hakumtilia kijana sauti. Alimtazama Danai, na maikrofoni imeshuka mpaka kifuani.

"Kwenye benchi, mzee," Danai akajibu. Hakupaza sauti. "Ghorofa ya nne, mbele ya mlango wa upasuaji. Nimeshakaa pale, najua lilivyo gumu. Sina nyumba, sina watazamaji. Ila hapo utanikuta."

Baba akafuta uso kwa mkono wa shati. Akanyanyua maikrofoni, akajaribu kurudisha sauti ya mtafuna tambuu, ikamkatalia. Akasema kwa sauti yake tu.

"Babu uliyeketi mbele, uwe shahidi. Mzee wa kwenye sinema alifikiri, akamwambia kijana: nimekupa radhi yangu."

Shangazi akapiga kigelegele kilichomwamsha mbwa. Danai aliinamisha paji la uso mpaka chini na mabega yake yakawa yanatikisika. Mimi nilitaka kukimbia kwa wote wawili, sikujua nianze na nani.

"Bado," Baba akasema. "Sinema haijaisha. Kuna msichana hajaulizwa." Akaninyooshea maikrofoni. "Miaka mingi nimewasemea wanawake wote kwenye pazia, na nyumbani nikamsemea mama yako. Wewe njoo useme mwenyewe."

Nikaichukua. Ilikuwa na joto la kiganja chake. Danai aliinua uso wenye vumbi, akanitazama kama anayesubiri hukumu. Mtu mzima huyo, ameshinda tuzo, lakini hajui nitasema nini!

"Nakwenda naye, Baba," nikasema, na spika zote nne zikasema nami, zikalipeleka neno hilo kilimani na barabarani, na dereva wa lori lililokuwa linapita akapiga honi.